Msimamizi wa Kompyuta ya Dada Auleria

Jumatatu, 9 Juni 2025

Dada Auleria kaondoka asubuhi kwenda Muleba kumuuguza mama mkwe wake. Kaniachia steshenari nzima! Kompyuta, printa, mashine ya kutoa kopi, kamera ya paspoti. Masharti: nitoe kopi, nipige paspoti, nisiguse folda ya harusi. Humo mna picha za harusi ya Deodatus na Sperancia wa Kaisho, na albamu yao wanaifuata Jumapili. Nikamwambia asiwe na wasiwasi, Novatus yupo. Akasema ndiyo maana ana wasiwasi. Sikumwelewa.

Ng'ambo ya barabara Winston kajaza watu tena. Ana televisheni, ana gemu la mpira, ana benchi. Msimu wa kahawa huu vijana wana hela na hawana pa kuzipeleka, zinaishia kwake. Wanapita mlangoni pangu bila hata salamu. Mimi na Winston tulikaa dawati moja shuleni Nyakakika. Alikuwa ananakili hesabu zangu. Tukafeli wote.

Nimepata wazo.

Jumanne, 10 Juni

Wazo lenyewe: gemu la mpira ndani ya kompyuta ya dada. Skrini yake ndogo, lakini mtu akisogea karibu inakuwa kubwa. Yustus, kinyozi wa chumba cha pili, kanipa gemu kwenye flashi. Yeye kalipata kwa mtu wa Kayanga, na huyo kalipata huko mpakani. Bure kabisa!

Nikabandika tangazo mlangoni: MASHINDANO MAKUBWA YA MPIRA WA KOMPYUTA, JUMAMOSI, MSHINDI ANAPATA BEBERU. Winston akavuka barabara kuja kulisoma. Akauliza beberu yuko wapi. Nikamwambia yuko malishoni. Hakuna beberu. Lakini malisho yapo, kwa hiyo sikudanganya lote.

Jioni nikafungua gemu. Likatokea, likatetemeka, likatoweka. Nikalifungua tena. Likatoweka tena, kama mtu aliyechungulia sebuleni akamkuta mkwewe.

Jumatano, 11 Juni

Yustus anasema dawa yake ndogo. Bofya kitufe cha kulia cha kipanya, chagua "Endesha kama msimamizi". Nikamuuliza msimamizi ni nani. Akasema ni mwenye ruhusa zote. Ruhusa za nini? Akasema zote, Novatus, zote, kisha akarudi kwa kichwa alichokiacha nusu.

Nimekaa asubuhi nzima nikiwaza. Mimi nimewahi kuwa msimamizi mara moja tu, kwenye harusi ya binamu yangu Elick. Kazi yangu ilikuwa kushika miwani yake na kumfuta jasho. Kwani kompyuta inaoa? Kuna na msimamizi wa mirathi pia. Kwani nani kafa?

Nikabofya hivyo hivyo. Skrini ikafifia yote, kikatokea kisanduku katikati. Je, unataka kuruhusu programu hii ifanye mabadiliko kwenye kifaa chako? Mabadiliko gani, haikusema. Lakini kuulizwa kwa adabu namna ile! Maisha yangu yote hakuna aliyewahi kuniomba ruhusa ya kitu chochote. Nikabofya Ndiyo.

Gemu likafunguka! Nyasi kijani, watu wanapiga kelele uwanjani! Maandishi ni ya lugha nisiyoijua, lakini goli ni goli.

Kwa furaha nikaendesha kila kitu kama msimamizi. Hata kikokotoo. Majibu yake hayakubadilika.

Alhamisi, 12 Juni

Kinga ya virusi imeanza kelele. Kisanduku chekundu pembeni: tishio limepatikana, limezuiwa. Nikafunga, kikarudi. Nikafunga, kikarudi. Yustus anasema kinga haipendi vitu vya bure, ni wivu tu. Nikaizima. Kompyuta ikauliza kama nina uhakika. Mimi sina uhakika na kitu chochote, lakini hapakuwa na sehemu ya kusema hivyo. Palikuwa na Ndiyo na Hapana. Nikabofya Ndiyo. Nikajisikia kama mtu aliyeajiri askari wa getini akamfukuza siku hiyo hiyo.

Mchana akaja Mzee Protase kupiga paspoti. Shikamoo, marahaba, keti hapa mzee. Kompyuta ikawa nzito kama imekula ebitoke, ndizi za kupika, za watu wawili. Ilipokubali kupiga, mzee alikuwa amesinzia. Paspoti imetoka macho yamefumba. Akaitazama, akasema amefanana na baba yake. Akaondoka ameridhika. Labda nina kipaji.

Ijumaa, 13 Juni

Mawe! Mama yangu!

Nimefungua folda ya harusi. Najua! Nilitaka tu kuona kama iko salama. Haiko. Kila picha imekuwa karatasi nyeupe, na kila jina limeota mkia mrefu wa herufi, kama jina la dawa ya kuogeshea ng'ombe. Skrini nayo imejaa maandishi ya Kiingereza. Nikayatafsiri kwa simu, sentensi baada ya sentensi. Yanasema faili zangu zimefungwa, na nikitaka zifunguliwe nilipe kwa fedha ambayo hapa kwetu Nkwenda nzima hakuna anayeijua. Nimeuliza mpaka kwa wanunuzi wa maharage.

Sielewi. Msimamizi si mimi? Sasa nani kafunga?

Nikiwa hapo hapo, simu ikaita. Deodatus. Aliongea kwa upole. Bibi yake, Ma Felicitas, aliyemlea tangu akiwa mchanga, alicheza ngoma kwenye harusi ile mpaka watu wakamtengea uwanja. Mwezi uliopita wamemzika. Picha nyingine yake hawana. Akauliza ile ya bibi akicheza imetoka vizuri?

Nikasema nzuri sana. Kisha nikakaa chini.

Jumamosi, 14 Juni

Mashindano.

Walijaa mpaka barabarani! Winston mwenyewe kafunga kwake, kaja na kiti chake. Nikafungua gemu. Nalo limeota mkia! Nikaliendesha kama msimamizi. Nikaliendesha tena kama msimamizi. Nikabofya Ndiyo kabla hata sijaulizwa. Kimya.

Mtu mmoja akauliza gemu liko wapi. Mwingine akauliza beberu yuko wapi. Nikawaambia vyote viwili vimecheleweshwa na mtandao. Wakazomea. Rogasian, mbeba magunia ya kahawa, mtu mwenye mabega kama kabati, akakaa mlangoni akasema yeye anamngoja beberu, gemu halimhusu. Alimngoja mpaka jua likageuka. Nikampa chakula changu cha mchana. Akala, akaendelea kungoja.

Winston akawachukua wengine wote akavuka nao barabara. Kabla hajaondoka alinipa mkono, akanishukuru kwa kumkusanyia wateja. Alimaanisha kweli. Hilo ndilo limeniuma.

Jumapili, 15 Juni

Deodatus na Sperancia wamekuja moja kwa moja kutoka misani. Mpango wangu ulikuwa huu: wino wa printa umekwisha, warudi mwezi ujao. Nilikuwa nimeufanyia mazoezi mbele ya kioo cha Yustus.

Sperancia akapiga magoti kunisalimu. Mkononi ana kitenge kipya cha kufungia albamu. Akasema, "Waitu, ndugu yetu, kama hazijawa tayari si neno. Utuoneshe ya bibi tu, nyingine tutangoja."

Wino nikauacha. Nikawaambia ukweli. Picha zimeharibika, zote, nimeziharibu mimi, na sijui nimefanyaje.

Nilingoja kelele. Kelele nimezizoea, najua pa kuweka mikono. Deodatus hakupiga kelele. Aliitazama kompyuta, akasema polepole, "Bibi kila siku alikuwa ananiuliza kama nimekula." Akatoka nje, akasimama pale penye maturubai ya kuanikia kahawa, ametugeuzia mgongo. Sperancia akamfuata, kitenge bado kakikunja mkononi.

Nikampigia dada. Sikupanga maneno. Nilimwambia yote: flashi, kinga, mikia, beberu. Aliuliza jambo moja tu, "Novatus, ilipokuuliza, ulikuwa unasoma?" Nikasema nilisoma mwanzo, baadaye nikawa namwamini. Akauliza namwamini nani. Nikasema yule anayeuliza kwa adabu. Akasema anakuja.

Jumatatu, 16 Juni

Dada kafika kwa basi la kwanza. Hakunisalimia. Alipita mpaka chumbani kwake, akafungua sanduku la nguo za kanisani, akainua vitenge vyote, akatoa diski ndogo nyeusi. Picha zote zimo! Anasema kila kazi huwa anaitunza mara mbili. Nikauliza kwa nini hakuniambia. Akasema angeniambia, nami ningeiendesha kama msimamizi.

Tukaziangalia kwenye kompyuta ndogo ya kuazima, maana ile yetu ilikuwa mgonjwa. Deodatus na mkewe wakaja mchana. Dada akatafuta, akasimama kwenye picha moja. Ma Felicitas! Mikono juu, gauni la kijani, mdomo wazi, meno hakuna, furaha tele. Deodatus akaishika skrini pande zote mbili kama anashika uso wa mtu. Sperancia akacheka, akalia, akacheka. Mimi nikatoka nje kukagua mlango kama una vumbi. Ulikuwa nalo.

Kisha dada akaifuta kompyuta yote, akaipanga upya. Sasa ina watu wawili. Yeye ni Msimamizi, ana nywila. Mimi ni Mtumiaji wa Kawaida. Siwezi hata kubadilisha saa! Akanieleza kwa utaratibu kwamba ruhusa hupewi ili uigawe, unapewa ili uichunge, na usimpe usiyemjua. Nikaitikia kwa kichwa. Nikauliza sasa huyo usiyemjua utamjuaje? Akaenda kupika.

Jumatano, 25 Juni

Dada karudi Muleba. Steshenari kaifunga, ufunguo kaondoka nao.

Nimepita chama cha wakulima wa kahawa. Wameletewa kompyuta mpya, bado ina nailoni. Katibu wao, Xaveri, kakaa mbele yake amejishika kichwa: programu ya mizani haifunguki, na nje wakulima wamepanga magunia mpaka barabarani. Akaniuliza kama mimi si yule wa steshenari. Nikasema ndiye mimi, na nina uzoefu.

Nikamuuliza hapa msimamizi ni nani. Akasema hajui. Nikamtuliza, nikamwambia hakuna anayejua. Nikavuta kiti, nikabofya kitufe cha kulia. Skrini ikafifia yote, kisanduku kikatokea katikati. Xaveri akashtuka, akaniuliza inasemaje.

Nikamwambia ni salamu tu. Nikaitikia.