Filamu ya Askari Asiyekula Rushwa

Haya nilisimuliwa na jirani yangu anayefagia kituo cha polisi, asubuhi moja ya mvua, tukichambua maharage kibarazani kwangu. Aliyaona kwa macho yake, ufagio mkononi.

Mjini palikuwa na bwana aliyeitwa Mipango, maana kila aliyemuuliza kazi yake alijibiwa, "Niko kwenye mipango." Siku moja alikwenda kituoni kumsalimu dada yake, koplo mtunza stoo. Mlango wa stoo ulikuwa wazi, na macho hayana pazia. Akaona cherehani kumi na mbili, mpya, zimepangwa kama wanafunzi mstarini.

"Za nani, dada?"

"Za fundi aliyekataa kumpa mkuu wetu kitu kidogo. Mkuu akasema ni za wizi, akazileta hapa. Aliyetia sahihi kuzipokea ni mimi. Ikipotea moja, nafungwa mimi. Kwa hiyo ondoa macho."

Macho akayaondoa. Moyo akauacha humo humo.

Kesho yake alirudi na miwani nyeusi, lori la kukodi na kamera begani. Kamera yenyewe ilikuwa kopo la rangi lililopakwa masizi, na kitako cha chupa mbele. Akampita dada yake kama hamjui, akaingia kwa mkuu wa kituo.

"Afande, natengeneza filamu. Askari mwaminifu, ndugu yake mwizi. Afuate damu au kiapo? Watu watalia mpaka viti vilowe. Natafuta mtu mwenye sura ya uaminifu."

Mkuu alijitazama kwenye kioo cha dirisha. "Sura hiyo umeipata."

"Mwishoni mwizi anapakia mali kwenye lori, anatoroka. Tungeazima zile cherehani, dakika tano tu."

"Hata kumi!"

Koplo alimvuta ndugu yake nyuma ya mlango. "Mdogo wangu, nakuomba kwa titi tulilonyonya. Nina watoto watatu na sare hii moja."

"Dada, sanaa haina undugu."

"Na nikisema?"

"Utamwambia mkuu kwamba yeye si nyota? Jaribu."

Hakujaribu. Mkuu alikwisha kumpigia simu mkewe, na mama mkwe pia.

Mazoezi yakaanza. Mwizi anatoa bahasha, askari mwaminifu anaikataa. Konstebo wa zamu, aliyepewa nafasi ya mwizi, akaitoa. "Sitaki!" mkuu akanguruma, na mkono ukaipokea.

"Afande, unatakiwa ukatae."

"Si nimekataa?"

"Mdomo umekataa. Mkono umeshaitia mfukoni."

Wakarudia mara saba. Mara ya nane mkuu aliufunga mkono kwa mkanda. Ukatoka wa kushoto.

Wakaruka hadi mwizi anapokiri. Konstebo alikiri kama mtoto anayesoma ubaoni. Mipango akashika kichwa.

"Mwonyeshe basi," koplo akasema. "Au mtengeneza filamu hajui kuigiza?" Akaleta daftari la maelezo la kituo, na wino wa dole gumba. "Tufuate utaratibu wetu. Watazamaji si wajinga."

Mipango tangu utotoni alikuwa na ugonjwa mmoja tu: hakuvumilia kuambiwa kuna jambo asiloliweza. Akaketi. Akakiri kuiba ng'ombe.

"Hata kuku hujaiba wewe," koplo akasema.

Akakiri benki nzima. Koplo akapiga mwayo. Mkuu naye, kwa kuambukizwa.

"Mwizi wa kweli anaona aibu kwa alichowafanyia watu wake. Wewe huna hilo."

Hapo neno likamchoma. Akavua miwani. Sauti ikitetemeka, akasema filamu ni ya uongo, kamera ni kopo la rangi, cherehani ni za fundi asiye na kosa ila kumnyima mkuu rushwa, na yeye amekuja kuziiba, ingawa atakayefungwa ni dada yake aliyemlea. Machozi yakamtoka. Ya kweli au ya kazi, jirani yangu hakuweza kuyapambanua, maana naye alikuwa analia, ameegemea ufagio.

Koplo aliandika neno kwa neno, akamsomea. Mipango akabonyeza dole gumba. Mkuu, asiyetaka kukosekana kwenye onyesho tamu, akatia sahihi ya shahidi yenye mkia mrefu, uso akiielekezea kamera. Wote wakapiga makofi.

"Sasa, afande," koplo akasema, "ifungue hiyo kamera."

Mkuu alichungulia ndani ya kopo muda mrefu. "Na filamu?" akauliza.

"Hakuna filamu, afande. Kuna daftari. Kurasa zina namba, haichaniki hata moja isijulikane, na sahihi yako imo."

Mchana ule ule fundi aliitwa, akabeba cherehani zake kwa lori lile lile, kwa kuwa lilikwisha kulipiwa. Mkuu akaenda nyumbani kulala, kichwa kinamuuma, akamwambia mkewe filamu imeahirishwa.

Alasiri koplo alimpelekea ndugu yake chai na shuka mahabusu.

"Dada, hata mimi? Damu yako?"

"Ningeifuata damu, mdogo wangu, kama ungeniachia pa kupita. Kunywa chai."

Akanywa. Kisha akasogea kwenye nondo. "Niambie kweli. Niliigiza vizuri?"

"Vizuri mno. Ulipofika kwenye dada aliyekulea, nusura niitupe kalamu."

Mipango akatabasamu kama aliyekabidhiwa kombe, akajifunika shuka hadi kichwani, akalala fofofo.