Kuuawa Mara Sita na Mama Mkwe

Kwa Mwongozaji wa filamu "Mabinti Saba wa Kisasi" (mimi niliwahesabu watatu),

Salamu nyingi na pole kwa kazi. Mimi ni mlinzi wa ghala la mbao mlimopigia picha, yule uliyemwomba asimame kidogo awe jambazi kwa kuwa majambazi wako hawakutokea. Kwa heshima zote nalalamika hivi:

1. Nilikubali kufa mara moja. Nimeitazama filamu, nimekufa mara sita, kilichobadilika ni kofia tu. Mara ya nne masharubu yangu ya mkaa yalihamia kwenye kisigino cha aliyenipiga.

2. Aliyenipiga ni mama mkwe wangu. Alikuja kuniletea chakula, wewe ukampa nafasi ya Mwalimu Mkuu wa Mateke. Sasa bwana, mimi nikimwona mama huinamisha macho, ndivyo nilivyolelewa. Teke la mtu usiyemtazama utalikwepaje? Ukapiga makofi, ukasema naigiza vizuri. Sikuwa naigiza.

3. Unatangaza kwamba filamu inamkomboa mwanamke. Mbona kila pigo liliwapunguzia nguo mabinti tu? Mimi nilikufa mara sita na vifungo vyangu vyote. Mama peke yake alikataa, akapigana na gauni lake la msibani, na hasira aliyokuwa nayo kwako ikaishia kifuani kwangu.

4. Tajiri wangu ameiona. Anauliza mlinzi anayepigwa na bibi wa wajukuu tisa analinda nini. Amenipa hadi mwisho wa mwezi. Nina watoto wanne na sijui kazi nyingine. Nimeumia, nasema wazi.

Kwa hiyo filamu ifungiwe, au katika sehemu ya pili nishinde japo mara moja. Kumgusa mama, hapana, Mungu apishe mbali. Aanguke mwenyewe, kwa hiari yake, mimi nikiwa nimetazama pembeni.

Nisalimie wapiga picha wote, na mabinti watatu. Waambie wajifunike, kuna baridi.

Wako mwenye mbavu za kukandwa,
Mlinzi, lango la nyuma

Tanbihi: Kabla sijaifunga bahasha, leo mchana wamekuja wezi wawili na mkokoteni. Mmoja akanitambua, akauliza yule mama yuko wapi. Kusikia akitajwa tu, nikainamisha macho kwa mazoea, kama kwenye filamu. Wakadhani amesimama nyuma yao. Mkokoteni wameuacha. Tajiri amenibakiza kazini, mradi mama asiache kuniletea chakula. Basi filamu isifungiwe. Naomba bango moja kubwa la mama, nilibandike langoni. Langu usilete.