Mtu wa Chini Hana Kazi

Na ijulikane kwa wote, kuanzia Ng'ambo ya Tabora mpaka Sikonge, kwamba serikali imegundua kwa nini mbao ni chache. Sababu ni Twalibu bin Abasi.

Tangazo lenyewe halikumtaja. Lilisema "mtu wa chini", lakini shimo la serikali la kupasulia mbao lilikuwa moja tu, na aliyekuwa chini humo ni yeye. Gogo la mninga hulazwa juu ya shimo. Mzee Kashindye anasimama juu ya gogo, Twalibu yuko shimoni, msumeno katikati yao. Kashindye anauinua, Twalibu anauvuta chini. Miaka kumi na minne walifanya hivyo, wala hawakujua kwamba wanaihujumu serikali.

Aliyegundua ni Bwana Misitu. Aliweka kiti kando ya shimo, akanywa chai saa nzima, akatazama. Mtu wa juu alionekana anatoka jasho. Wa chini hakuonekana. Kitaalamu, asiyeonekana hafanyi kazi. Tena msumeno ni chuma, na chuma hushuka chenyewe. Ikatoka barua ya mihuri miwili: nafasi ya mtu wa chini imefutwa, na mbao zitaongezeka maradufu.

"Kwa hiyo miaka yote hiyo ulikuwa unashinda shimoni unafanya nini, baba Kuluthumu?" aliuliza Tatu, mkewe.

"Nilikuwa nangoja chuma kishuke."

"Na sisi sasa tutakula nini? Unga wa mbao?"

Twalibu alijichokonoa sikio. Huo unga bado alikuwa nao masikioni.

Mwezi mzima Kashindye aliinua msumeno peke yake, akauachia. Kwa siku ulizama upana wa kidole. Bwana Misitu akaandika ripoti kwamba mpango unakwenda vizuri sana, ila mninga wa Tabora ni mbishi.

Ripoti ikapendwa mno. Ikaja simu ya maandishi: Bwana Mkubwa anapanda treni kutoka Dar es Salaam, anataka kuona kwa macho yake mbao zikipasuliwa na mtu mmoja.

Siku hiyo Bwana Misitu alifika Ng'ambo kwa miguu, mpaka mlangoni kwa Twalibu.

"Twalibu, kesho utashuka shimoni kidogo."

"Shimoni hakuna kazi, bwana. Nimesomewa barua."

"Utashuka kimyakimya. Hutaonekana."

"Hata zamani nilikuwa sionekani. Andika kwamba mtu wa chini ana kazi, nishuke."

Bwana Misitu alifikiri. Kuandika hivyo ni kusema serikali ilikosea, na jambo hilo halina fomu.

"Nitaandika mgeni akishaondoka."

"Basi na mimi nitashuka mgeni akishaondoka."

Kesho yake Twalibu alikwenda kutazama aibu, kama watu wengine. Akakuta shimo limezungushiwa magunia. Kashindye akainua msumeno, na msumeno ukashuka wenyewe, ukala gogo. Twalibu akasogea karibu. Kwenye upenyo wa gunia, chini kabisa shimoni, aliona ncha ya kiatu cheusi kilichopakwa rangi vizuri.

"Ajabu," alisema Bwana Mkubwa kitini. "Na Bwana Misitu yuko wapi?"

"Ametoka kikazi, Bwana Mkubwa," alijibu karani Hilari, akitazama juu.

Shimo likakohoa.

"Nini hicho?"

"Ni mninga," alisema Twalibu. "Wa hapa ni mbishi."

Kashindye aliinama kana kwamba anakagua mstari. "Vuta, bwana," alinong'ona. "Usining'inie. Vuta."

Bwana Mkubwa alikaa mpaka ubao wa tatu, akaandika, akampa Hilari asome kwa sauti. Hilari akasoma:

"Nimeona kazi inakwenda bila mtu wa chini. Nimeona pia inakwenda bila Bwana Misitu, ambaye tangu asubuhi haonekani. Kwa kanuni yake mwenyewe, asiyeonekana hafanyi kazi. Nafasi yake imefutwa kuanzia leo."

Msumeno ukasimama.

"Mbona umesimama?" aliuliza Bwana Mkubwa.

Shimoni mtu alivuta pumzi ndefu, kama anayetaka kusema neno. Halafu msumeno ukaendelea, polepole, mpaka gogo likaisha.

Jumatatu Twalibu alirudi shimoni. Hakuna aliyemkataza. Nafasi ya kukataza ilikuwa imefutwa.