Kopo la Ugoro na Jina la Mjukuu

Jumatatu, 4 Agosti 2025

Magoti yananiuma. Yote mawili, bila kupeana zamu. Daftari hili nililiacha tangu masika kwa sababu hakukuwa na la kuandika. Leo lipo.

Luka wangu amekuja na mkewe na mtoto kutoka Bugarama, huko anakochimba dhahabu kwenye maduara, yale mashimo ya machimbo ya watu. Mtoto wa kiume! Miezi miwili na nusu. Kabla yake wamezaa wasichana wawili, na Nelly, mkwe wangu, ameshasema huyu ndiye wa mwisho, kiwanda kimefungwa. Kwa hiyo nilivaa koti. Nikakaa kwenye kiti cha uvivu. Nikasubiri kutajiwa jina langu.

Maana hapa kwetu Didia mjukuu humwinua babu yake kwa kubeba jina lake. Marselino, jirani yangu, yule mpima pamba mstaafu, ana wajukuu watatu na wote ni Marselino. Akiita mmoja afunge ndama, wanakuja mbio watatu. Mimi nikiita Ndaki, naitika mwenyewe. Binti zangu wamezalia ukweni na majina yamekwenda hukohuko. Nina miaka sabini na mbili. Nikifa bila wajina, Ndaki kwisha. Hata mbwa hataitwa.

Nelly akasema mtoto anaitwa Heath.

Nikauliza kama ni ugonjwa. Luka akasema hapana Baba, ni jina la Kizungu, adimu, huenda Tanzania nzima yuko peke yake. Nikamwambia hata mimi nina jipu mahali ambapo Tanzania nzima sijasikia mwenye nalo, na sijivuni.

Nelly akapiga magoti, maana adabu anayo, simsingizii, akanisomea kwenye simu. Heath ni uwanda wa majani na vichaka, ardhi isiyolimwa. Tabia ya mwenye jina hilo: mtulivu, mvumilivu, hapendi makelele. Wakati anasoma hayo mtoto alikuwa akilia hadi kuku wakahama uani.

Pori! Mtoto mzima wa watu ameitwa pori! Sisi tumeita watoto Mabula kwa sababu ya mvua, Nzala kwa sababu ya njaa. Njaa walau ni tukio, watu wanaikumbuka. Pori limetokea lini? Halafu jina lenyewe linaishia kwa kutoa ulimi nje. Nina meno matatu. Ulimi wangu ukitoka hauna wa kuurudisha.

Luka akasema nisijali, jina la tatu kwenye cheti ni langu. Heath Luka Ndaki. La tatu! La tatu ni mkia. Nani anamwita mbuzi kwa mkia wake?

Nelly akaanza, "Baba, nililichagua kwa sababu..." Sikungoja. Mbuzi wa Marselino walikuwa wameingia tena kwenye ngitili yangu, lile eneo la majani ninalolifunga tangu mvua zinapokatika, lisiguswe mpaka kiangazi kikaze na ng'ombe wakose pa kwenda. Nikatoka na fimbo. Mbuzi waliniangalia, wakaendelea kula. Hata wao wameshajua nimechoka.

Jumanne, 5 Agosti

Mtoto amelia tangu uji wa asubuhi mpaka ugali wa mchana. Sesilia, mke wangu, anasema ni gesi tumboni. Nimemwambia ni jina. Mtoto akilia bila homa anadai jina la mtu wake. Anaitiwa majina ya ukoo, moja moja, akinyamaza, hilo ndilo lake. Kila mtu anajua. Sesilia akaniuliza, "Na wewe Baba Luka, unayelalamika kila siku, unadai la nani?" Miaka arobaini na tisa ya ndoa na bado sijapata jibu zuri hata moja.

Saa tisa Nelly alikwenda kuoga, akaniachia mtoto. Akalia. Nikatoa kopo langu la ugoro nijiliwaze. Ndani ya kopo nimeweka kijiwe cha kuvunjia mabonge. Luka alikitoa kwenye duara akasema kina dhahabu. Hakina. Nikatikisa. Kacha-kacha.

Mtoto kimya! Macho kama bundi. Nikaacha, akalia. Nikatikisa, akanyamaza.

Akili ikaniingia. Huwa inakuja mara chache, kwa hiyo nikaifungia mlango isitoke.

Jumatano, 6 Agosti

Mazoezi. Nasema "Ndaki", natikisa. Nasema "Ndaki", natikisa. Asubuhi mara kumi, mchana mara kumi, jioni mkono umekufa ganzi. Nelly amesema hakujua kama napenda watoto hivi. Nikaona haya kidogo. Ikapita.

Nimekwenda kwa shangazi Mbuke, ndiye mkubwa wa ukoo aliyebaki, nikamwomba aje Ijumaa kumwitia mtoto majina. Ijumaa ni Nane Nane, sikukuu ya wakulima, hakuna mwenye kisingizio. Luka akasema ni mila tu, haina madhara. Nelly akafikiri sana, akasema sawa, lakini mtoto asiponyamaza abaki Heath, na hakuna wa kumwita pori tena. Nikakubali upesi. Upesi mno, maana Sesilia aligeuka akanitazama.

Marselino nimemwalika awe shahidi. Ushindi asiouona Marselino ni ugali bila mboga.

Ijumaa, 8 Agosti

Sitaki kuandika. Naandika.

Wazee saba uani. Mtoto akaanza kulia bila kuombwa, mtoto mzuri. Kopo liko kwenye mfuko wa koti, mkono wangu juu yake. Mpango ni mwepesi: shangazi akiita Ndaki, natikisa mlemle mfukoni.

Ndipo Marselino aliponyoosha mkono mbele ya wote. "Ndaki, hebu nigawie ugoro, wangu umekwisha."

Ningefanyaje? Kumnyima mzee ugoro mbele ya wazee ni kumtukana yeye na marehemu baba yake. Nikatoa. Nikadhani atabana kidogo arudishe. Akabana, akampa wa pembeni. Kopo likaanza kuzunguka uani. Mzee wa tatu ana pua kama pango la fisi.

Shangazi hakungoja. Akaita jina la babu yangu: kilio. La baba yangu: kilio. Nikakohoa. Nikakonyeza. Kopo liko kwa mzee wa sita. Shangazi akaita, "Ndaki!" Mtoto akalia kama aliyeona sindano ya chanjo. Akaita tena. Akalia zaidi! Nikatikisa mfuko. Ndani kuna leso. Leso haina mlio.

Kopo likamrudia Marselino. Akalisogeza sikioni kusikiliza kama kumebaki kitu. Kacha-kacha. Shangazi akapandwa na hasira. "Marselino! Wewe Marselino, tulia!"

Kimya.

Si kimya tu. Mtoto alicheka. Nelly anasema hajawahi kucheka tangu azaliwe.

Wazee wakasema "Eeeee!" kwa pumzi moja. Shangazi akatangaza mtoto amejichagulia. Nikaruka, nikasema Marselino si wa ukoo wetu! Akasema bibi yake Marselino na bibi yangu walinyonya ziwa moja, nikae chini. Nikakaa. Magoti yalishukuru, mimi hapana.

Jumamosi, 9 Agosti

Marselino amekuja asubuhi na beberu kwenye kamba, zawadi ya wajina wake. Namjua huyo beberu. Amenonea kwenye ngitili yangu. Nimeletewa majani yangu mwenyewe yakiwa na pembe.

Akasimama uani akaita "Marselino!" kwa majaribio. Wale watatu wakaruka ua. Wa nne alikuwa ndani analia. Marselino akasema huyu naye ataitika, ni suala la muda.

Nelly hakupiga kelele. Afadhali angepiga. Alikuwa anakunja nepi na kupanga kwenye begi. Amemwambia Luka kwamba Jumatatu anakwenda kwa mama yake Geita, na mtoto hatarudi tena Didia, mahali ambapo majina yanagawiwa kama peremende. Luka anasema hawezi kupingana na shangazi. Mwanaume anashuka mita sitini ardhini kwa kamba, bibi kizee wa kilo thelathini anamtisha!

Sesilia aliniwekea ugali bila neno. Bila mboga pia.

Nimefikiri. Nikinyamaza, mjukuu wangu ni Marselino wa nne, na simwoni tena. Nikisema, Ndaki hatakuwa na wajina, na wazee watanicheka mpaka kaburini, halafu watakuja kaburini kumalizia. Nimejaribu kulala mchana. Haikusaidia.

Jumapili, 10 Agosti

Baada ya misa nimewaita wote. Nikamwomba Marselino kopo langu, maana hata hakulirudisha, yule. Mtoto analia.

Nikasema "Marselino" bila kutikisa. Kilio. Nikasema "Ndaki" bila kutikisa. Kilio, na kilinichoma. Kisha nikatikisa, nikasema "Sufuria." Kimya. Nikatikisa, nikasema "Ushuru wa pamba." Kimya. Nikatikisa, nikasema "Mbuzi wa Marselino ni wezi." Mtoto akacheka mpaka akapaliwa.

Shangazi Mbuke akauliza nimemfundisha siku ngapi. Nikasema tatu. Akasema umri wangu huu ningekuwa nafanya mazoezi ya kufa.

Wakanitoza jogoo. Yule mwekundu, rafiki yangu. Wamemla leo hiihii. Marselino amekula paja, kisha amekokota beberu wake kurudi nyumbani. Uamuzi: majina niliyoyachezea yamefutwa yote, mtoto abaki na la wazazi wake, na nilitamke mimi kwa kinywa changu, wasikie.

Nikasema Heath. Ulimi ukatoka. Ukarudi, lakini si mara moja.

Jumatatu, 11 Agosti

Nelly akaniamkia shikamoo. Nikaitika marahaba nikiangalia kiatu. Akaomba nimpeleke ngitilini kabla hawajaondoka. Mkwe haongozani bega kwa bega na baba mkwe, kwa hiyo nikatangulia, yeye nyuma, mtoto mgongoni.

Akasema mwaka alioletwa hapa kama bibi harusi ulikuwa wa ukame. Kutoka Bugarama mpaka Didia hakuona jani, aliona mizoga. Akadhani Luka amemleta kufa. Kisha nyuma ya nyumba yangu akakuta majani yanafika kiunoni, na ng'ombe wa nyumba tano wanakula. Hata wa Marselino. Alimuuliza Sesilia nani kafanya hivi, akaambiwa ni mzee, kaacha kulima hapa tangu ujana, anachekwa kila masika na kuombwa kila kiangazi.

"Nilitafuta kwenye simu, Baba, jina la mwanaume lenye maana ya mahali kama hapa. Ardhi ya majani ambayo mtu hailimi. Nikapata hilo. Nilitaka kukwambia siku ile, ukatoka kufukuza mbuzi."

Nikasema jua ni kali. Lilikuwa kali. Macho yangu hayaliwezi.

Nikamuuliza kwa nini basi asimwite Ngitili tu. Akasema watamcheka shuleni. Nikasema na Heath je? Akacheka, na mtoto mgongoni akatikisika.

Kumbe tangu Jumatatu ile mtoto alikuwa na jina langu. Si la kuitwa. La kazi. Na hiyo tabia waliyoandika kwenye simu, mvumilivu, hapendi makelele, nimeisoma tena polepole. Sesilia anasema haifanani na mimi hata kidogo. Inafanana na majani.

Basi lilipofika mtoto akaanza kulia. Nikampa Nelly kopo, na kijiwe ndani, kwa ajili ya safari. Walipofika Kahama walipiga simu, amelala.

Jumatano, 13 Agosti

Sina ugoro, sina jogoo. Nimeamka saa tatu, hakuna wa kuniamsha.

Nilikwenda kwa Marselino kumweleza. Wajukuu wako watatu, nikamwambia, wana jina la mtu aliyekuwa anapima pamba. Wangu ana jina la ardhi inayolisha mbuzi wako. Akasema vizuri sana Ndaki, hongera, lakini ukiita jina lako uani anaitika nani? Kisha akatoa kopo lake akanusa. Limejaa. Ijumaa alisema umekwisha. Nilirudi nyumbani nikitafuna hilo neno la uani kama mnofu wa jogoo mzee.

Jioni binti yetu Paskalia alipiga simu kutoka Songwa. Anatarajia kujifungua mwezi wa kumi. Ukweni kwake majina yao yote yameshapata watu, mume anasema huyu anaweza kutoka upande wetu, wakipenda. Sesilia hata hakuweka simu chini. "Baba Luka, usianze."

Sijaanza. Nimemwomba tu kopo tupu la kiwi ya viatu. Kijiwe nimeshaokota. Na safari hii ugoro siweki kabisa. Nani ataomba kopo lisilo na ugoro?