Mabinti Watano wa Kilatini

Bwera, Jumatatu, 5 Juni 1967

Nimepata njia! Shule mpya ya sekondari huko Kasese inatafuta mwalimu wa Kifaransa. Nyumba ya mabati bure! Jeanine atajifungua mwezi huu huu, na kibanda chetu kinavuja kila pembe. Mtoto hatazaliwa kwenye matope. Nimeapa.

Ijumaa kila mwombaji atasimama mbele ya kamati aeleze Kifaransa kilitoka wapi. Mimi najua! Nilisoma Kilatini miaka mitatu katika seminari ndogo kabla ya kufukuzwa. Ilikuwa ni habari ya divai, sitaki kuizungumzia. Tatizo ni Stanislas wa Butembo, naye anaiomba kazi hiyo hiyo. Ana miwani. Ana cheti chenye muhuri. Na juu ya hayo ananiita kaka, tena kwa upole! Simpendi.

Jumanne, 6 Juni

Katekista Blasio kaniazima kitabu cha mapadre, kimeliwa na mchwa. Nimesoma kutwa. Kumbe si Kilatini cha Misa kilichozaa, bali kile cha askari na wachuuzi! Kilitembea na majeshi ya Roma, kila nchi ikakikunja kwa ulimi wake, wakazaliwa mabinti: Kiitaliano, Kifaransa, Kihispania, Kireno, Kiromania. Kama Kiswahili chetu cha Beni, kule Kongo, na kile cha askari wa hapa Uganda: mama mmoja, lakini wakikutana sokoni wanachekana.

Nimeuchora ukoo wote juu ya karatasi ya mfuko wa saruji. Ili kamati ielewe, kila binti nimempa jina la kuzaliwa kwa desturi yetu, sisi Wanande na ndugu zetu Wakonzo: wa kwanza Masika, wa pili Biira, wa tatu Mbambu, na kuendelea. Akili ya namna hii inapotea bure Bwera!

Yuko pia binti wa sita, Kidalmatia, ng'ambo ya bahari mkabala na Italia. Alikufa mwaka 1898, siku alipofariki mzee wa mwisho aliyekijua. Hakuenea kwenye karatasi. Nimemwacha. Aliyekufa hapati maksi.

Jeanine aliitazama karatasi, akaweka kidole juu ya neno Masika, akatoka nje. Masika wetu tulimzika kando ya njia karibu na Kasindi, tulipokuwa tunakimbia vita vya Kongo, miaka mitatu iliyopita. Majirani wote humwita mke wangu Mama Masika. Mimi humwita Jeanine. Naona ndiyo nafuu. Jioni nilimwambia huyu anayekuja akiwa msichana tumwite Masika, tuanze upya. Alinijibu maneno machache tu: "Jina Masika iko na mwenyewe."

Alhamisi, 8 Juni

Stanislas kaniuliza kamati inakutana wapi. Nimemwambia imehamishiwa Maliba. Amenishukuru, merci kaka, kisha kaniachia ndizi tatu za kula njiani. Akaondoka leo leo. Ndizi nimezila. Zilikuwa tamu, jambo lililoniudhi sana.

Kasese, Ijumaa, 9 Juni

Msiba.

Tulikuja kwa lori la chumvi ya Katwe. Jeanine alikataa kubaki, alitaka kuiona ile nyumba kwa macho yake. Tunafika, nani anashuka kwenye gari la Padre mkuu wa shule? Stanislas! Padre alikuwa amelala Maliba kwa ajili ya Misa. Alimkuta barabarani, wakaja wakizungumza Kifaransa njia nzima. Stanislas akanisalimia kwa mikono miwili. Alisema: "Najua, kaka, ulikosea tu."

Nikatundika karatasi yangu. Padre alicheka, lakini kwa wema. Akasema mabinti hawa hawana kifungua mimba. Hakuna mama aliyeamka asubuhi moja akakuta hamwelewi mwanawe. Walibadilika neno kwa neno, bibi hadi mjukuu, na kila mjukuu alidhani anasema lugha ya bibi yake. Kisha akauliza Kidalmatia kiko wapi. Nikajibu kimekufa, kwa hiyo hakihesabiwi.

Hapo akasimama Mwalimu Feresita, Mkonzo wa Nyakalengija, mjumbe wa kamati. Alisema anastaajabu, nimechukua majina ya nyumbani halafu nahesabu kama mgeni. Masika akifa, mdogo wake hubaki Biira maisha yake yote, ili kila anayemwita ajue kulikuwa na mwingine mbele yake. Kisha akaniuliza, bila ubaya wowote: "Na wewe mwalimu, uko na watoto ngapi?"

Nilikuwa naitaka ile nyumba. Nikasema sina, huyu anayekuja ndiye wa kwanza.

Mlango ulikuwa wazi. Jeanine alikuwa ameketi kizingitini.

Kazi amepata Stanislas.

Bwera, Jumapili, 18 Juni

Siku tisa Jeanine hasemi nami. Anapika, anaweka sahani, anaondoka. Leo Stanislas kaleta ujumbe kwamba nyumba ni kubwa, Jeanine aende akajifungulie huko. Amekwenda.

Nimechora karatasi mpya. Mabinti sita! Kidalmatia nimekiweka juu kabisa. Nilipotaka kuandika Masika kando yake, niliweka kalamu chini. Nililia mpaka wino ukatapakaa. Nina uchungu, na wa kumwambia hayupo.

Kasese, Jumatano, 28 Juni

Msichana! Alizaliwa juzi, chini ya mabati. Jina lake Biira. Nimempakata. Masikio ni ya dada yake, yale yale.

Nilimwomba Jeanine msamaha. Alisema amesikia. Hakusema amesamehe. Nikamwahidi kwamba kuanzia leo sitamficha Masika mbele ya mtu yeyote, na niliahidi kwa moyo wote.

Kisha nikaenda sokoni kutafuta sabuni. Rusi, mama anayeiuza, alikwisha pata habari. Akaniita Baba Biira, akashangilia, akauliza: kama huyu ni Biira, Masika wenu yuko wapi?

Nilifungua mdomo kusema ukweli. Nikasema yuko Beni kwa bibi yake, anasoma. Ana miaka sita, meno ya mbele yameng'oka, na kwa Kifaransa analishinda darasa zima.

Rusi alifurahi mno. Alinipa utepe mwekundu wa nywele nimpelekee. Ninao hapa mfukoni. Akataka kujua mtoto atakuja lini kumwona mdogo wake.

Nimemwambia Krismasi.