Samaki wa Siki na Sufuria ya Mama

Jumamosi, 23 Machi
Mama mkubwa Hettie kapiga simu. Sufuria ya bluu ya marehemu Mama, ile ya samaki wa siki wa Pasaka, atapewa yule ambaye samaki wake Ijumaa Kuu watafanana na wa Mama. Mimi au Merle. Merle! Mdogo wangu anayeunguza hata mayai ya kuchemsha! Miaka mitano kaing'ang'ania sufuria hiyo, kapanda maua ndani yake. Maua! Nimekasirika hadi nikashindwa kula.

Jumapili, 24 Machi
Nimenunua samaki aina ya snoek kwenye gari la kona. Muuzaji akasema huyo kwa siki atamegeka, nitafute samaki mgumu. Nikamwambia auze samaki, ushauri abaki nao. Nimekaanga. Nimemwagia siki, sukari na manjano. Vitunguu nimechemsha saa nzima, viive. Sasa siku tatu bila kugusa.

Jumatatu, 25 Machi
Nimeonja kidogo tu.

Jumanne, 26 Machi
Nimeonja tena. Mwiba kooni! Samaki hakuna, kuna uji wa manjano. Vitunguu kamasi tupu. Paka wa jirani kanusa, kanitazama vibaya, kaondoka zake. Muuzaji yule ni mchawi.

Jumatano, 27 Machi
Mpango! Bi Gadija wa nyumba ya pili huwapikia majirani Wakristo samaki wa siki kila Pasaka, kila nyumba kopo lake la aiskrimu. Mwaka huu yuko kwenye mfungo, hata kuonja haonji, na bado anatushinda sote. Inaudhi! Nikamwomba langu aniletee leo, alijaze, nina wageni. Akacheka, akaniuliza, jirani, mbona mwaka huu nyote mna haraka hivi? Nyote akina nani, sikuuliza. Nina shughuli.

Alhamisi, 28 Machi
Samaki nimewahamishia kwenye bakuli langu la kioo. Kopo nimelificha chini ya sinki. Vidole nimejipaka manjano, viwe ushahidi. Nikapita kwa Merle kuchungulia. Naye vidole vya manjano! Akasema ananionea huruma, kaka yake. Huruma! Nikavuta mlango kwa hasira, kitasa kikabaki mkononi. Shauri yake.

Ijumaa Kuu, 29 Machi
Sitaki kuandika. Naandika.
Mama mkubwa kaonja wangu, kafumba macho. Machozi. Akasema huu ni mkono wa mdogo wake kabisa. Nikamtazama Merle kwa madaha. Kisha akaonja wa Merle. Machozi vilevile! Akachokora bakuli langu kwa uma, akatoa jani la mlimau. Akachokora la Merle. Jani la mlimau. Akauliza mlimau mtaani hapa uko kwa nani.
Sote tunajua ni kwa Bi Gadija tu.
Nikamwita Merle tapeli. Naye akaniita tapeli. Nikapiga meza, nikasema tunamdhalilisha Mama, aliyepika samaki hawa kwa mikono yake miaka yote ile! Mama mkubwa akageuza lile jani, akasema polepole kwamba hata samaki wa Mama walikuwa nalo. Na Mama hakuwahi kuwa na mlimau.
Nilimkasirikia Mama, Mungu anisamehe. Halafu nikamkumbuka sana. Halafu nikala sahani mbili.
Hodi. Bi Gadija, kafuata makopo yake. Mama mkubwa akamkabidhi sufuria papo hapo. Bi Gadija akaigeuza, akatazama kitako, akasema loo, mama yake mzazi aliitafuta sufuria hii tangu mwaka themanini na saba! Akauliza mbona ina udongo.

Jumatatu ya Pasaka, 1 Aprili
Nimetafakari siku tatu. Nimeona kosa langu: nilishindana na Merle badala ya kushirikiana naye. Sufuria lazima irudi! Idi ni wiki ijayo. Nitampelekea Bi Gadija sinia zima la sambusa, nimwambie nimezikunja mwenyewe usiku kucha, moyo umlainike. Nimeshaziagiza kwa Merle. Anasema kuna mama mmoja mtaani hapa, sambusa zake hazina mfano. Mama gani, sikuuliza. Nina shughuli.