Ombi la Kufuta Njia za Dharura Mlimani

Ndugu Mwenyekiti wa Chama cha Wapanda Mlima,

Nakuandikia kama mwanachama, si kama shemeji yako. Ya ushemeji tungeyamaliza mezani kwa dada yako. Haya ni ya mlimani.

Kwa heshima zote, naomba chama kifute njia zote za dharura, kwa sababu zifuatazo:

1. Kanuni yako inasema njia ya dharura isiyojaribiwa si njia. Sikatai. Lakini kila tukiifikia moja tunashuka nayo ili tuijaribu, na huko chini tunalikuta gari linatusubiri, dereva kashawasha injini. Nani atapanda tena? Mlima huu tumeushuka kwa njia nne tofauti. Kileleni hatujafika.

2. Mhasibu wetu, aliyejiunga akiwa jasiri, siku hizi akiona kiwingu anauliza, "Mwenyekiti, hii nayo si dharura?" Safari iliyopita dharura ilikuwa mbuzi. Alisimama tu njiani, anatutazama. Tukapiga kura. Mbuzi akashinda.

3. Ugonjwa huu umeingia hadi mjini. Fundi viatu, mwanachama mwenzetu, alikwenda kuposa akachagua kiti cha mlangoni na akakataa kuvua viatu. Wazee wa binti walimtazama weee, wakamwambia aende zake tu.

4. Daktari amenipima magoti. Kasema baada ya mwaka huu nisahau milima, nipande ngazi, tena kwa kushikilia. Kwa hiyo ni sasa au basi tena.

5. Kila nikirudi, dada yako huniuliza, "Leo mmefika?" Nikisema tumerudi salama, anasema, "Hata kuku hurudi salama, baba watoto." Na watoto wanasikia.

Napendekeza njia ibaki moja, ya kupandia. Ya kushukia tutaitafuta tukiwa juu. Dereva apewe likizo. Ikibidi, kile kidaraja cha miti kikatwe mara tu tukishavuka. Shoka nitakuja nalo mwenyewe.

Nisalimie wanachama wote, na mama mkwe, na hata dereva, sina ugomvi naye.

Wako katika kupanda,
Shemeji (samahani, Mwanachama)

N.B. Nikiwa nafunga bahasha, dada yako amenitangazia kwamba safari ijayo anakuja nasi, na kwamba hatuteremki kabla ya kufika kileleni hata nikizimia. Tafadhali usifute njia hata moja. Ongeza ya tano, na ianzie kabla mlima haujaanza.